Ulipoulizwa Habari za Mposaji, Ulisema Nini?



Nimeambiwa nizungumzie mapenzi na ndoa, na vijana kule nyuma nawaona washaanza kucheka. Chekeni, lakini sikilizeni.

Bibi Khadija (r.a.) alimpa Mtume (s.a.w.), kabla ya utume, bidhaa zake azipeleke Sham, pamoja na mtumishi wake Maysara. Waliporudi, Maysara akamsimulia aliyoyaona njiani: ukweli wake, uaminifu wake. Hapo ndipo Khadija mwenyewe akatuma posa. Safari humtoa mtu tabia. Waulizeni wazee wetu hapa Isiolo waliopanda malori ya Moyale kabla ya lami. Gari likikwama matopeni siku mbili, wallahi unajua nani ni nani.

Sisi leo tunapendana kwa picha za simu. Kuvutiwa na uso ni maumbile, na mposaji ameruhusiwa kumwona anayemposa. Tatizo kubwa liko kwetu tunaoulizwa habari zake.

Nasema kwetu kwa sababu mimi nimo. Rafiki yangu alipoposa, kaka ya msichana alinijia. Nilizijua hasira za rafiki yangu. Tulikaa chumba kimoja, nikamwona akivunja sahani kwa ajili ya chumvi. Nikajibu, "Ni kijana wa dini, swala haimpiti." Na kweli haikuwa ikimpita. Ndoa ilidumu miezi minane, ikaishia kwa Kadhi. Yule kaka tukikutana sokoni hunisalimia tu, hasimami.

Nilijitetea eti naogopa kusengenya. Lakini katika Sahih Muslim, Fatima bint Qays aliposwa na Muawiya na Abu Jahm, akamtaka shauri Mtume (s.a.w.). Akaambiwa waziwazi: mmoja hana mali, mwingine fimbo haimtoki begani, aolewe na Usama bin Zaid. Mwanzo hakupenda, kisha akakubali, na Allah akatia kheri. Kwa hadithi hii ulamaa wamesema kumshauri anayeuliza kuhusu ndoa si kusengenya.

Majuzi mzee mmoja aliniuliza tena, juu ya kijana mwingine. Nikamtajia mazuri yake, na deni lake nikalitaja. Kijana mwenyewe sasa hanisemeshi. Lakini posa haikuvunjika. Mzee alimwita, wakalizungumza lile deni, na nikah ni baada ya Idi inshaallah.

Wabillahi tawfiq.