Besi Asiruke Kila Mara: Utatu wa Sauti na Migeuzo Yake

(Haya ni maneno tuliyowaambia walimu wa kwaya waliokutana Garsen. Tumeyaandika hapa kwa ajili ya wale ambao hawakuweza kufika, hasa ndugu zetu wa ng'ambo ya mto.)



Tumeombwa tuseme juu ya kodi. Wapiga gita ndivyo wanavyoziita, na kila tukilitaja neno hilo mkutanoni hakosi mzee wa kuuliza kama ni kodi ya soko au ya nyumba. Kwa hiyo leo tutasema utatu wa sauti, yaani sauti tatu zinazoimbwa pamoja zikakubaliana.

Tumelileta jambo hili kwa sababu ya hali tunayoiona katika kwaya zetu. Wanaume wamepungua. Vijana wamekwenda Malindi, Mombasa na Lamu kutafuta kazi, na kwaya iliyokuwa na besi sita sasa ina wawili, tena mmoja wao anakuja akiwa na nafasi. Vitabu vya solfa navyo vimekwenda na maji. Mafuriko ya 1997 na 1998, ya 2018, halafu ya mwisho wa 2023 kuingia 2024, kila mara watu wanahama na magodoro na kuku, nani atakumbuka kitabu cha kwaya? Halafu kimeingia kinanda cha kutumia umeme wa jua, kile unachobonyeza kidole kimoja kikajipigia ngoma na kila kitu. Sasa kuna kwaya ambazo wote waimba sauti ya kwanza, na kinanda kinafanya yaliyobaki. Hatukikatai kinanda. Lakini betri ikizima katikati ya maziko, watu arobaini wanabaki na sauti moja, na wale wazee wawili wa besi wanatazamana.

Basi tuanze mwanzo. Wengi wenu mwaijua ngazi: do, re, mi, fa, so, la, ti, na do ya juu. Herufi hizi tunazoandika ubaoni zilianzishwa Uingereza na mwalimu wa kike wa mji wa Norwich, Sarah Glover, kisha Mchungaji John Curwen (1816–1880) akazitengeneza na kuzieneza ili watu wasio na kinanda, wala fedha ya kumlipa mwalimu wa muziki, waweze kuimba kwa sauti nne. Zilitungwa kwa ajili ya watu kama sisi, ndiyo maana zimekaa Afrika muda mrefu hivi.

Chukua do. Ruka re, chukua mi. Ruka fa, chukua so. Do, mi, so: hilo ni fungu la kwanza. Ni kuchukua moja na kuruka moja, hakuna siri zaidi. Ukianza na fa unapata fa, la, do. Ukianza na so unapata so, ti, re. Mafungu haya matatu ndiyo nguzo. Yahesabuni: ndani yake mna do, re, mi, fa, so, la na ti, sauti zote saba za ngazi. Ndiyo maana wimbo mwingi wa kanisani unaweza kubebwa na mafungu matatu tu.

Hebu tupime umbali. Kwenye kinanda hesabu vidude vyote, vyeupe na vyeusi. Kwenye gita hesabu vyumba vya shingo. Kutoka do kwenda mi ni hatua ndogo 4. Kutoka mi kwenda so ni 3. Nne chini, tatu juu, hapo sauti inachangamka. Sasa chukua la, do, mi. Kutoka la kwenda do ni 3, do kwenda mi ni 4. Tatu chini, nne juu, na sauti imeingia huzuni. Tofauti yote ni ya hatua ndogo moja ya ile sauti ya katikati. Kwa hiyo kwaya ikiwa na watu wachache na lazima sauti moja iachwe, acheni so, msiiache mi. Bila mi hakuna msikilizaji atakayejua kama ni harusi au matanga.

Sasa tufike kwenye kiini. Fikirini mtumbwi wenye watu watatu, Do, Mi na So. Leo Do ndiye anayeshika pondo. Kesho anashika Mi, kesho kutwa So. Mtumbwi ni uleule, watu ni walewale, ila mwendo wake haufanani. Anayeshika pondo ndiye sauti ya chini kabisa, yaani besi. Do akiwa chini tunasema fungu limekaa kwenye shina lake. Mi akiwa chini, huo ni mgeuzo wa kwanza. So akiwa chini, ni mgeuzo wa pili. Walio juu hata wakibadilishana viti, soprano achukue so au do, alto achukue mi, fungu halijageuka. Linageuka tu anapobadilika wa chini. Hapa ndipo watu wengi wanapotea, wanadhani mgeuzo ni jinsi sauti zote zilivyopangwa. Hapana. Tazama chini tu.

Mwendo wa kila mmoja ukoje? Do akiwa chini, fungu limetulia, na kuna sababu yake. Piga uzi mmoja wa gita uache ulie, usikilize kwa makini. Ndani ya mlio ule mmoja mna sauti ndogo ndogo juu yake: do ya juu, kisha so, kisha do tena, kisha mi. Uzi wenyewe unaimba fungu lake. Besi akishika do, wengine wanakaa juu ya kitu ambacho tayari kinalia. Mi akiwa chini, fungu ni jepesi, ni kama mtu anayetembea, bado hajafika. So akiwa chini, mtumbwi unayumba. Hauzami, lakini hautaki kukaa hapo. Ndiyo maana watungaji wa tenzi wanalipenda fungu hili karibu na mwisho wa ubeti: besi anashika so, walio juu wanaimba do na mi, kisha besi anabaki palepale kwenye so huku walio juu wakishuka, do kwenda ti, mi kwenda re, halafu wote wanafika nyumbani. Hata mtu asiyejua nota anajua kwamba sasa inakuja Amina.

Na faida yake kwa besi wetu wawili? Besi aliyefundishwa mashina peke yake anaimba hivi: do, fa, so, do. Kila fungu analikimbilia kwenye shina. Kutoka do kuruka hadi fa, fa kwenda so, so kuanguka mpaka do. Kijana wa miaka ishirini anaweza. Mzee aliyeamka alfajiri kwenda shambani hawezi, anakosa sauti ya katikati ya mruko, na akikosa yeye kwaya nzima inateleza. Sasa tumieni migeuzo. Fungu la kwanza, do chini. Fungu la fa, la, do: mpe besi ileile do, asiondoke. Fungu la so, ti, re: mpe ti, hatua moja chini. Kisha arudi do. Besi ameimba do, do, ti, do. Mafungu ni yaleyale matatu, tuni ya soprano haijaguswa, na mzee hajaruka hata mara moja. Tusiwafiche, haina uzito wa ile ya mashina, na wimbo wa ushindi tungeuimba kwa mashina. Lakini kwa kwaya yenye besi wawili hii ni bora mara kumi kuliko kutokuwa na besi.

Kuna jambo lingine zuri zaidi. Kwa mafungu hayohayo matatu besi anaweza kushuka ngazi yote bila kuruka hatua. Do, ni fungu la do. Ti, ni la so. La, ni fungu la fa. So, ni la do. Fa, ni la fa. Mi, la do. Re, la so. Do, tumefika. Jaribuni polepole, kila sauti pigo nne. Wanaoimba besi watashangaa, manake walizoea kuambiwa kwamba kazi yao ni kuvuma sauti mbili tatu nyuma ya wengine, na sasa wana wimbo wao wenyewe chini ya wimbo.

Mpiga kinanda naye asituache. Kijana wetu anajifunza C, E, G. Kisha anauinua mkono mzima kwenda F, A, C. Kisha G, B, D. Mkono unaruka kama panzi. Mwambie auache mahali pake: C, E, G, kisha C, F, A, kisha B, D, G, arudi C, E, G. Vidole vinasogea kidogo tu na sauti zinaungana. Hiyo ni migeuzo hiyohiyo, ila mkono wa kushoto ukipiga shina chini yake, basi kwa masikio fungu limerudi kwenye shina. Tumeshasema, tazama chini.

Masharti machache, hatutayarefusha. Sauti nne zikiimba fungu la watatu, mmoja lazima arudiwe. Arudiweni wa shina. Ti msiirudie, manake ti inataka kupanda kwenda do, na wawili wakipanda pamoja wanasikika kama mmoja aliyepiga kelele. Mi akiwa chini, walio juu si lazima waishike tena. Vitabu vya mitihani vinakataza sauti mbili kwenda sambamba zikiwa zimeachana kwa umbali wa do na so. Kwa tenzi za Ulaya tunakubali. Kwa nyimbo zetu za kupokezana tusijibane sana, sikio la kwaya liamue.

Tumetaja nyimbo zetu, na hili ndilo linalotukaa moyoni. Mwajua wenyewe kwamba tuni ya wimbo wa taifa imetokana na wimbo wa Wapokomo wa kubembeleza mtoto. Mwaka 1963 tume ya watu watano, Graham Hyslop, George Senoga-Zake, Thomas Kalume, Peter Kibukosya na Washington Omondi, iliuchukua na kuutengeneza kwa ajili ya nchi mpya. Mama anayebembeleza mtoto hana alto wala besi, ana sauti yake na mgongo wake. Leo bendi zinaupiga na kwaya zinauimba kwa sauti nne. Tuni ya kijijini ilivikwa mafungu ya sauti ikasimama mbele ya dunia. Ngapi nyingine ziko kwa bibi zetu Ngao, Golbanti, Wema na Hewani, ambazo hazijaandikwa hata kwa herufi za solfa? Tunaziacha, halafu tunanunua kaseti, na siku hizi tunanakili kwa simu nyimbo za kwaya za Nairobi na Tanzania. Si vibaya. Ila za bibi zikizikwa naye hakuna duka la kuzinunua.

Kazi yenyewe si ngumu kama inavyodhaniwa. Mwandikie bibi tuni yake kwa herufi. Kisha tazama sauti anazokaa nazo muda mrefu, zile za kupita ziache zipite. Akikaa kwenye mi, kati ya mafungu yetu matatu ni la do peke yake lenye mi. Akikaa kwenye re au ti, ni la so. Akikaa kwenye fa au la, ni la fa. Do iko katika mawili, la do na la fa. So iko katika la do na la so. Hapo una hiari, imba yote mawili umwulize bibi lipi halimharibii wimbo wake. Jibu lake lichukue. Kuna tuni ambazo zinakataa fungu kabisa mahali fulani, na hapo kwaya yote iimbe sauti moja. Ukishajua mafungu, ndipo umtafutie besi njia: ukianzia mashina, kila anaporuka mbali uliza kama kuna mgeuzo utakaompa jirani.

Swali liliulizwa asubuhi na mama mmoja: kwaya isiyo na mwanaume hata mmoja ifanye nini? Akina mama watatu watatosha. Sauti ya chini ya wanawake ndiyo besi yenu, na kwa kuwa haiwezi kushuka sana, migeuzo ni yenu kuliko ya mtu mwingine yeyote. Msiombe radhi kwa jambo hilo.

Baada ya chakula tutagawanyika. Soprano na alto watakaa chini ya mwembe na solfa ya ubaoni. Besi wote, hata wale wanaosema sauti imekwisha, waje mbele hapa tushuke ile ngazi kutoka do mpaka do. Wenye tuni za bibi zao waje na karatasi. Wasio na karatasi watuimbie, tutaziandika sisi.