Kabati la Vitabu vya Kilimanjaro

(Hotuba iliyotolewa katika mkutano wa wanafunzi wa zamani)



Nimepewa robo saa niseme juu ya maktaba. Najua baada yangu kuna chakula, kwa hiyo sitazidisha.

Swali langu ni moja. Kijana wa kidato cha tatu akitaka kujua historia ya mlima huu na watu wake, ataipata wapi? Wengi mtajibu: kwa wazee. Ni kweli, lakini wazee tunapungua. Tazameni viti vya mbele.

Vitabu vipo. Charles Dundas, mtawala wa Kiingereza, alitoa kitabu chake juu ya Kilimanjaro na watu wake mwaka 1924. Mchungaji Bruno Gutmann, aliyefika Uchagga mwaka 1902, alikusanya mafundisho waliyopewa vijana wa Kichagga, vitabu vitatu, kati ya 1932 na 1938, navyo vilichapwa Ujerumani. Mangi Petro Itosi Marealle alituandikia kwa Kiswahili “Maisha ya Mchagga Hapa Duniani na Ahera” mwaka 1947. Bibi Kathleen Stahl alitoa historia ya Wachagga mwaka 1964, na Bibi Sally Falk Moore wa Marekani akaandika juu ya sheria za kimila mwaka 1986.

Basi shida iko wapi? Kwanza, vingi vya vitabu hivyo ni vya Kiingereza na Kijerumani. Pili, mahali vinapotunzwa kwa utafiti ni mbali. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kina hazina kubwa ya vitabu vya Afrika Mashariki, lakini ni safari ya zaidi ya kilomita 500. Mwanafunzi hana nauli hiyo.

Lakini shida ya tatu ndiyo inayoniuma, nayo ni karatasi ambazo hazikuchapwa kamwe. Mwalimu Nathaniel Mtui wa Marangu aliandika historia ya nchi za Uchagga katika madaftari, zamani za Wajerumani. Bibi Stahl aliyatumia madaftari hayo katika kazi yake. Hebu fikirini kama mtu angeyawashia moto jikoni! Kitabu cha mtaalamu kilisimama juu ya daftari la mwalimu wa hapa hapa.

Baada ya vyama vya ushirika kuvunjwa mwaka 1976, nilinunua karanga sokoni zikiwa zimefungwa katika ukurasa wa daftari la kupokelea kahawa. Mwandiko ulikuwa wa karani hodari: majina ya wakulima na uzito wa kahawa ya kila mmoja. Karanga nilizila; ukurasa ninao hadi leo. Kurasa nyingine zilifunga karanga za nani, sijui. Leo ndugu wawili wakigombea kihamba, daftari kama lile lingewaonyesha angalau nani alikuwa akileta kahawa mwaka ule.

Sheria inawataka wachapaji wapeleke nakala za vitabu vyao katika Maktaba Kuu ya Taifa. Lakini kijitabu cha jubilei ya usharika, barua ya baba aliyekwenda vitani, mapatano ya ukoo juu ya zamu za maji ya mfereji, nani atavipeleka huko?

Kwa hiyo naomba shule yetu iwe na kabati moja la Kilimanjaro, lenye kufuli, mahali pakavu pasipofika mchwa wala ukungu. Masharti yake yawe machache. Vitu vya humo visomwe hapo hapo, visiazimwe. Kila kitu kiwe na kadi: ni nini, kimetoka wapi, kimeletwa na nani, ni cha mwaka gani. Nyuma ya kila picha yaandikwe majina kwa penseli, kabla anayewajua waliomo hajatutoka.

Najua wapo watakaosema karatasi za marehemu ni siri ya nyumba. Sawa. Za siri zibaki nyumbani. Na asiyetaka kuachia nyingine, azilete zinakiliwe arudi nazo. Siku hizi hata simu inatosha kupiga picha ukurasa, ila picha hizo zichapwe. Simu ikitumbukia mferejini, historia imekwenda na maji.

Nanyi vijana msikae kungoja. Likizo ijayo kila mmoja amhoji babu au bibi yake, aandike jina, kijiji na tarehe, kisha alete daftari hilo kabatini. Mwalimu Mtui naye alianza na daftari.

Ukurasa wangu wa karanga namkabidhi Mwalimu Mkuu leo, uwe wa kwanza. Mkutano ujao, mzee yeyote asije mikono mitupu.

Sasa tukale.