Kobla ya Beri Nyeusi
Hotuba iliyosomwa mbele ya wazee, walimu na akina mama wa nchi ya milima



Sufuria mnayoiona kule mekoni, yenye makaa juu ya kifuniko chake, tuliibandika kabla hamjaketi, nayo ndiyo saa yetu: itakapoiva, nasi tutakoma kusema.

Tuliombwa tueleze jambo moja la upishi tulilojifunza ugenini, katika miaka tuliyokaa jimbo la Oregon huko Marekani. Tumechagua chakula kimoja tu, maana mtu asemaye juu ya vyakula kumi kwa mara moja hamfundishi mtu hata kimoja. Chakula hicho huitwa kobla. Ni matunda yaliyotiwa sukari, yakafunikwa kwa madonge ya unga wa ngano, yakaokwa pamoja chomboni. Hufanywa kwa pichi, kwa tufaha na kwa matunda mengine mengi, lakini sisi tulifundishwa kwanza ile ya beri nyeusi, nayo ndiyo tuipendayo.

Huenda mtu akauliza, beri nyeusi ni kitu gani? Ninyi wenyeji wa Usambara na wa miteremko ya Kilimanjaro mnawajua ndugu zake. Ni yale matunda madogo ya mwituni, mfano wa shanga zilizobanana, yameayo katika vichaka vya miiba kando ya njia. Watoto huyachuma wakienda kuchunga, wakarudi midomo imepiga zambarau na nguo zimeraruka. Wataalamu wa mimea huiita jamii yote hiyo Rubus, na mmoja wa jamii hiyo umeao Kilimanjaro ulipewa jina kwa heshima ya Volkens, Mjerumani aliyechunguza mimea ya mlima ule katika miaka ya 1890. Kwa kweli kila tunda si tunda moja, bali ni kundi la vijitunda, kila kijitunda na kokwa yake. Ukilichuma tunda likatoka na moyo wake mweupe ndani, hilo ni la ukoo wa beri nyeusi. Likitoka tupu kama kofia, hilo ni la ukoo wa pili, ambao Waingereza huuita raspberry. Yote mawili yafaa kwa kobla.

Mberi una desturi yake. Fimbo yake humea mwaka wa kwanza bila kuzaa kitu, mwaka wa pili huzaa, kisha hufa, na fimbo changa zimekwisha kushika mahali pake. Basi akataye fimbo zote kwa pupa, akidhani anasafisha shamba, mwaka unaofuata hatapata hata tunda moja. Zikatwe zile zilizokwisha kuzaa tu.

Hapa hatuna budi kutoa onyo, nalo lawahusu hasa wazee wenye kuangalia ardhi. Huko Marekani alikuwako mkulima hodari aitwaye Luther Burbank, ambaye mwaka 1885 alieneza mberi wa kigeni wenye matunda makubwa mno. Aliuita wa Himalaya, kumbe asili yake ni upande wa Armenia. Watu waliufurahia. Lakini ncha ya fimbo yake ikigusa udongo huota mizizi na kuwa shina jipya, na ndege hula matunda na kuzitawanya mbegu. Leo mberi huo umefunika kingo za mito na mashamba yaliyoachwa katika Oregon na Washington, na serikali za huko huuhesabu miongoni mwa magugu mabaya. Tuliona kwa macho yetu watu wakikodi makundi ya mbuzi ili wale vichaka hivyo, maana mbuzi haogopi miiba. Kwa hiyo mtu akiwaletea miche kutoka ng'ambo na kuisifu kwa ukubwa wa matunda yake, mwulizeni kwanza bwana shamba. Tena Waoregon wenyewe wanao mberi mzuri wa shambani uitwao Marion, uliotolewa mwaka 1956 baada ya kazi ya wataalamu wa kilimo. Huo hauna tabia ya kuvamia nchi.

Sasa tuseme habari za kobla yenyewe na waliokuwa wakiipika zamani. Waingereza waliohamia Marekani walizoea pai na pudingi za kwao, lakini wengi wao walikuwa na moto wa kuni tu na chungu cha chuma, wala hawakuwa na tanuri. Hata makundi makubwa ya watu walioanza kuifuata njia ya Oregon mwaka 1843, safari ya kilomita 3,200 kwa magari ya ng'ombe, walichukua vyungu vya chuma vyenye miguu mitatu, na kifuniko chenye ukingo wa kuzuia makaa yasianguke. Katika vyungu hivyo waliweza kuoka. Bibi mmoja wa Kentucky, Lettice Bryan, aliandika kitabu cha upishi mwaka 1839, akasema juu ya kobla kwamba si chakula cha fahari cha kuwekewa wageni, lakini kwa watu wa nyumbani ni kizuri sana. Twaona bibi yule alisema kweli, isipokuwa leo hata wageni huililia.

Yuko mwingine ambaye twapenda mlijue jina lake. Abby Fisher alizaliwa South Carolina yapata mwaka 1831, zamani za utumwa, akajifunza upishi katika majiko ya kusini. Baadaye alihamia San Francisco pamoja na mumewe, wakafanya biashara ya kutia matunda na achari katika chupa. Mwaka 1880 alipata nishani mbili katika maonyesho ya mji ule. Mabibi wa mjini wakamsihi aandike kitabu, lakini yeye hakujua kusoma wala kuandika, na mumewe pia hakupata elimu. Basi alisema kwa kinywa na wengine wakaandika, na mwaka 1881 kitabu kikapigwa chapa. Ndani yake imo shurubati ya beri nyeusi, ambayo watu wa kusini waliwapa watoto wenye kuhara damu. Mama huyu alizaa watoto kumi na mmoja na kuwalea wote. Sisi hatuwaambii mtumie shurubati hiyo kuwa dawa. Mtoto mwenye kuhara damu apelekwe zahanati siku ile ile, na njiani anyweshwe maji ya chumvi na sukari yaliyopimwa sawasawa. Habari zake tumezitaja kwa sababu nyingine. Katika kila kijiji wako akina mama wenye ujuzi kama ule, nao wanazeeka. Walimu, ninyi mnayo kalamu.

Tuje kwenye kazi. Beri huchumwa asubuhi, umande ukiisha kukauka. Ile ing'aayo sana bado ni chachu. Ngoja weusi wake ufifie kidogo, nayo itoke kwa kuguswa tu, bila kuvutwa. Ukiichuma mbichi haitaiva nyumbani kama ndizi. Tumia chombo kipana, kwa sababu beri za chini huvunjika kwa uzito wa za juu, wala usizioshe mpaka saa ya kupika. Nyumbani pasipo barafu zipikwe siku ile ile. Kesho yake zimekwisha kuota ukungu. Nao watoto wafundishwe wasile tunda lolote la porini wasilolijua, hata likiwa na rangi nzuri namna gani.

Kwa watu sita pima vikombe 6 vya beri, yapata gramu 850. Changanya na sukari gramu 150, chumvi kidogo, kijiko 1 kikubwa cha maji ya ndimu, na vijiko 2 vikubwa vya wanga wa mahindi. Wanga wa muhogo wafaa pia, na Wamarekani wautumia sana katika pai za matunda. Ukiwa huna wanga wo wote, tia unga wa ngano vijiko 4. Asiyetia kitu cha kuzitisha atapata mchuzi.

Unga wa juu ni huu: ngano vikombe 1½, sukari vijiko 3 vikubwa, beking pauda vijiko vidogo 2, chumvi nusu kijiko kidogo, siagi gramu 85, na maziwa nusu kikombe au yazidi kidogo. Siagi iwe baridi. Ifikiche katika unga kwa ncha za vidole mpaka ifanane na chenga, na vipande vingine vibaki vikubwa kama mbaazi, maana ndivyo vitakavyoyeyuka motoni na kuacha nafasi laini ndani ya mkate. Kisha mimina maziwa na kuchanganya upesi kwa mwiko. Usikande! Huu si unga wa chapati. Ukiukanda utakuwa mgumu, na mgeni wako ataumwa taya. Ukipenda kutumia maziwa ya mgando, ongeza robo kijiko kidogo cha magadi soda. Ukali wa maziwa ukikutana na magadi hutoa mapovu, na mapovu hayo huinua unga.

Na sasa hapa ndipo tulipoanguka sisi. Mwaka wa kwanza tuliorudi nyumbani, watoto wa jirani walituchumia beri za mwituni vikapu viwili, mikono yao yote imechanika. Tuliwaahidi kobla. Tulitia beri baridi chomboni, tukaweka unga juu, tukapalia makaa mengi, tukangoja. Juu palipendeza, rangi kama ya maandazi. Tulipopakua, loo, chini ya ule uzuri unga ulikuwa mbichi, umelowa na kunata kama gundi, na beri zenyewe bado ni maji. Watoto walikula, kwa adabu, wala hawakusema neno. Mmoja alibakiza madonge yake pembeni mwa sahani, akayafunika kwa kijiko ili tusiyaone. Kunyamaza kwao kulitutia haya kuliko kama wangelalamika, kwa sababu tulikuwa tumeiharibu kazi ya siku yao nzima.

Tulimwandikia bibi mzee wa Oregon aliyetufundisha, tukamweleza yote. Jibu lake lilikuwa fupi: tulisahau kupasha beri moto kwanza. Tanuri lake lilikuwa kali nasi hatukuangalia sana alivyokuwa akifanya. Sababu yake ni hii. Unga uliowekwa juu ya matunda baridi hupata moto kwa juu tu. Upande wa chini hulowa maji ya matunda kabla haujashikwa na moto, na juu kukiisha kuiva mpishi hudhani kazi imekwisha. Lakini matunda yakiwa yanachemka wakati unga unapowekwa, mvuke wake huupika kwa chini, na makaa huupika kwa juu.

Basi, kwanza weka sufuria nzito au chungu juu ya makaa ya wastani, beri ndani, ukoroge taratibu mpaka zitoe maji na kuanza kutokota, yapata dakika kumi. Ndipo uchote unga kwa kijiko na kuutua juu ya beri, madonge kama manane, ukiacha nafasi kati yake ili mvuke upate njia. Madonge hayo yakiiva yatafanana na mawe yaliyotandazwa barabarani. Nyunyiza sukari kidogo juu. Funika, kisha uhamishe makaa: sehemu mbili juu ya kifuniko, sehemu moja chini. Akina mama wa pwani wapaliao wali hawana haja ya kufundishwa jambo hili. Mwenye tanuri la kupimwa aweke digrii 190. Baada ya dakika 25 funua donge la katikati kwa uma na utazame tumbo lake. Likiwa kavu kama mkate, limeiva. Likinata, rudisha kifuniko, wala usidanganywe na rangi ya juu.

Chombo cha chuma kitupu chafaa kwa kupikia, lakini kobla isilale humo, kwa kuwa ukali wa beri hula chuma na chakula huwa na ladha ya msumari. Iliyobaki ihamishiwe bakuli. Asubuhi huliwa na maziwa baridi, na wako wasemao kuwa ndiyo tamu zaidi.

Neno moja limebaki. Ikitoka motoni isiliwe papo hapo. Maji ya beri yenye sukari huchoma vibaya kuliko uji, tena wanga haujakaza. Ingoje nusu saa. Beri zilizomo katika sufuria ile zimechumwa asubuhi hii na watoto wale wale wa vikapu viwili, ambao sasa wamekuwa wakubwa kidogo na hawatuamini sana. Mwalimu aliye karibu na meko, tafadhali ondoa makaa ya juu na kulifunua donge la katikati. Wao wataitazama kwanza, na sisi tutajibu maswali yenu huku inapoa.