Vita Huandikwa na Nani?

Hivi karibuni basi letu liliharibika Igunga, nikashinda stendi nikisoma kitabu cha Mtemi Mirambo. Mzee mmoja aliyekuwa akingoja gari la Nzega akaniuliza: "Mwanangu, hicho kimeandikwa na nani?"

Nikaliona swali dogo. Kumbe sivyo.

Mwaka 1871 Mirambo wa Urambo alipigana na Waarabu wa Tabora kwa ajili ya njia ya misafara ya kwenda Ujiji. Hii ilikuwa pia vita ya ndugu, kwani Wanyamwezi wa Unyanyembe, chini ya Mtemi Mkasiwa, walikuwa upande wa Waarabu. Mwandishi wa habari Henry Stanley, aliyekuwa njiani kumtafuta Livingstone, naye alijiunga na jeshi hilo. Mirambo aliwavizia Waarabu walipokuwa wakirudi na nyara, jeshi likatawanyika, na Stanley akakimbilia Tabora. Katika kitabu chake cha 1872, Mirambo ni mnyang'anyi tu.

Mwaka 1876 wawili hao walikutana wakachanjiana damu. Sasa Stanley akamfananisha Mirambo na Napoleon! Mirambo ni yule yule, na mkono unaoandika ni ule ule. Kilichobadilika ni mahali aliposimama mwandishi.

Ndiyo maana namheshimu mwanahistoria anayeuliza pande zote. Aylward Shorter, padri Mwingereza, alikaa na wazee wa Kikimbu miaka ya 1960 akikusanya masimulizi yao. Kwa njia hiyo aliandika habari za Nyungu ya Mawe, mtu wa ukoo wa kitemi wa Unyanyembe aliyeiteka Ukimbu kwa rugaruga wake na kufariki Desemba 1884, mwezi ule ule aliofariki Mirambo.

Nilimweleza mzee haya yote. Akasikiliza, kisha akauliza: "Na mwaka ule wa vita, nani alilima?"

Sikuwa na jibu. Kitabu changu kilitaja majemedari na bunduki, jembe hakikulitaja.

Gari la Nzega likafika, mzee akapanda. Ndipo nikakumbuka kwamba sikumwuliza babu yake alimsimulia nini. Kosa hilo ni langu. Ninyi mlio na wazee nyumbani, msilirudie: chukueni daftari, mkaulize leo.