Panga Halina Kabila

Msikilizaji, panda matatu jijini Nairobi, useme kwa sauti kwamba kwenu ni Muthara, Tigania Mashariki, kule Meru. Kabla gari halijafika kituo cha pili, abiria mmoja atakuuliza panga umeliacha wapi. Watu watacheka. Nawe utacheka, maana ukikasirika utakuwa umewapa ushahidi. Mzaha wenyewe ni mkongwe: Mmeru ana hasira, na hasira yake ina mpini.

Nataka tuutazame mzaha huo leo, ila nitazunguka kidogo nipitie Uingereza.

Wezi wa kule, tangu karne ya 17, walikuwa na neno lao la mtaani la kisu: chive. Siku hizi ni shiv, na vijana wetu hulisikia kwenye filamu za magereza ya Marekani. Wapo wanaosema neno hilo lilitoka kwa Waroma, watu wenye asili ya India walioishi Ulaya kwa karne nyingi wakifukuzwa kila walikopiga hema. Wataalamu bado wanabishana. Kisicho na ubishi ni kwamba kisu chenyewe Waroma hukiita churi, na ukilitamka neno hilo katika duka la Mhindi hapa Kenya, mzee wa dukani atageuka akutazame, kwa sababu kwao nako kisu ni hivyo hivyo.

Waroma hao hao waliwapa Waingereza neno jingine, pal, yaani rafiki. Kwa Waroma, phral ni ndugu. Mwingereza hulitumia neno hilo kutwa kucha, baa na kazini, na wala hajiulizi alilipata wapi. La undugu limechukuliwa kimyakimya. Likija la kisu, hapo ndipo Mroma anakumbukwa!

Haya, turudi kwetu. Fungua kamusi ya Kiingereza utalikuta neno panga, na utaelezwa kwamba limetoka kwa Kiswahili. Wasomaji wa London walilizoea zaidi baada ya hali ya hatari kutangazwa Kenya Oktoba 1952, magazeti yao yalipoandika habari za wapiganaji wa Mau Mau kana kwamba vita vile vilikuwa vya panga peke yake. Ndege za kivita zilidondosha mabomu kwenye misitu ya Mlima Kenya na Nyandarua, lakini bomu halikugeuzwa kuwa tabia ya Mwingereza. Panga likageuzwa kuwa tabia yetu. Tigania ilikuwa na Musa Mwariama, aliyepigana msituni bila kukamatwa wala kuuawa mpaka uhuru wa 1963. Kwetu ni shujaa. Kwao alikuwa mmoja wa watu wa mapanga.

Na hapa kuna kichekesho. Mapanga mengi yaliyouzwa Afrika yalikuwa na chapa ya mamba, chapa ya kampuni ya Ralph Martindale ya eneo la Birmingham, Uingereza. Chuma kimetoka kwao, jina limetoka kwetu, lawama tukaachiwa sisi.

Tembea Muthara asubuhi ulione panga lenyewe. Limelika upande mmoja kwa kunolewa, mpini umepasuka ukafungwa kwa mpira wa tyubu, na tupa iko karibu. Mama analikatia nyasi za ng'ombe, kisha kuni, kisha mkungu wa ndizi. Mwanaume analisafishia magugu chini ya miraa. Mtoto akirudi shuleni analitafuta amenye muwa, anagombezwa kwamba atajikata. Hiyo ndiyo kazi ya panga, siku baada ya siku, na hakuna mwandishi wa habari anayetumwa kuja kuitazama.

Wenzetu wa Oman wana hanjari kwenye bendera ya taifa, na bwana harusi huivaa kiunoni akapigwa picha. Watu husema ni heshima. Sisi wenyewe jogoo wa nembo ya taifa letu ameshika shoka, na sijasikia mtu akiuliza jogoo ana hasira gani.

Sisemi watu hawakatwi. Wanakatwa, Meru na kwingineko, na aliyekata apelekwe mahakamani. Lakini ukiulizia chanzo, mara nyingi utakuta mpaka wa shamba, au ndugu wawili na kipande kimoja cha urithi, katika sehemu ambazo watu wamesubiri hati miliki kwa miongo. Hayo yana ofisi zake na maafisa wake wanaolipwa mshahara. Ukisema "ni Wameru tu, ndivyo walivyo," umewapa maafisa hao likizo.

Kwa hivyo ombi langu ni kwa wahariri wenzangu, na kwako wewe unayesambaza habari kwenye simu. Mtu akikatwa, tuambieni amekatwa wapi, ugomvi ulikuwa wa nini, kesi iliripotiwa lini na polisi wamefanya nini. Kabila la mshukiwa liacheni, isipokuwa ndilo lililoleta ugomvi. Na wewe abiria wa matatu, ukikutana na mtu wa Muthara, muulize bei ya miraa wiki hii. Hilo atakujibu kwa kirefu.