Banda la Simbilisi Mahali pa Baridi

Ndugu mkulima, ukiingia jikoni katika nyumba nyingi za huku Njombe, kabla macho hayajazoea moshi utasikia mlio: wii, wii, wii. Hao ni simbilisi. Wanazagaa miguuni mwa mama anayepika, na mara nyingi si mali ya baba wala ya mama, ni mali ya mtoto. Anawapenda, anawapa majina, na daftari likiisha anauza mmoja.

Lakini mbona mwezi huu wako kumi, mwezi ujao watatu? Mmoja kachukuliwa na paka, mwingine kakanyagwa, mwingine kamwagikiwa maji ya moto. Waliobaki wanapandana ndugu kwa ndugu, na vitoto vinazaliwa dhaifu. Basi mjengee mtoto wako banda.

Mbao hazitusumbui. Mabanzi ya misindano yapo tele. Yaanike kwanza yakauke. Usitumie mbao zilizopakwa dawa ya mchwa, kwa sababu simbilisi hutafuna kila kitu. Banda la mita 1 kwa mita 1 na nusu linatosha dume 1 na majike 5. Kuta za sentimita 50 zinatosha, simbilisi si mrukaji, ila weka kifuniko kwa ajili ya paka. Liinue kwa miguu, lisikae kwenye udongo.

Sasa sakafu. Mimi nilipokuwa mwanafunzi chuoni nilitumia wavu wa kuku, nikijisifu kwamba mavi yataanguka yenyewe. Yalianguka kweli, lakini vitoto navyo vilinasa miguu, viwili vikavunjika. Tena wavu unapitisha baridi kutoka chini. Tumia mbao zilizobanana, juu yake tandika nyasi kavu au maranda, na kila unapoyatoa yapeleke kwenye mboga.

Makambako adui ni upepo. Kabla ya kujenga, funga kitambaa kwenye mti, uangalie siku mbili tatu kinapepea kuelekea wapi. Ukuta wa upande unakotoka upepo uzibwe kabisa. Wavu uwe upande wa pili, hewa ipite. Ukiziba pande zote, mkojo utawaumiza mapafu kama ule moshi wa jikoni. Kwenye kona weka kisanduku kidogo chenye tundu. Simbilisi ni mwoga, asipokuwa na pa kujificha hanenepi.

Chakula kiwekwe kwenye kihori cha fito, kisikanyagwe. Simbilisi ni kama sisi binadamu, mwili wake hautengenezi vitamini C, kwa hiyo nyasi kavu peke yake hazimtoshi. Kila siku apate majani mabichi. Majani ya viazi mviringo usimpe, yana sumu, hata kama shamba lako limejaa.

Jike hubeba mimba kama siku 68, huzaa vitoto viwili hadi vinne, vyenye manyoya na macho wazi. Vikifika wiki tatu, ondoa vidume. Usiseme bado vidogo! Dume la kupandisha badilishana na jirani.

Juni na Julai, sakitu inapoanguka, ongeza nyasi mpaka wajifukie. Usiku kabla ya kulala mwambie mtoto atie mkono ndani. Mkono ukitoka na unyevu, nyasi zibadilishwe usiku huohuo.