Nani Ameezeka Paa la Genge?

(Maandishi ya mada niliyoitoa kwenye kikao cha vijana, Mwitongo, Butiama. Nimenyoosha sentensi chache tu, mengine nimeyaacha kama nilivyoyasema.)

 

Nilipopewa mada ya magenge ya uhalifu duniani, hasa ya Warusi, kamanda mmoja aliniuliza: "Dada, Warusi na Butiama wapi na wapi?" Ana haki ya kuuliza. Nivumilieni nianzie mbali, tutarudi hapa hapa Mara, mpaka Bunda, mpaka kwenye nyama ya nyumbu.

Kwanza neno lenyewe. Mtaani genge ni pale kwa mama anayeuza nyanya, vitunguu na dagaa. Kwenye sheria yetu kuna kosa linaitwa kuongoza genge la uhalifu. Shikeni hilo, nitalihitaji baadaye.

Sasa Urusi. Enzi za Stalin, ndani ya makambi ya wafungwa, lilikomaa tabaka la wahalifu lililojiita vory v zakone. Kwa Kiswahili ni wezi walio ndani ya sheria, na sheria yenyewe ni ya kwao, siyo ya serikali. Walikuwa na tatuu za kuonyesha cheo na mfuko wa pamoja wa kusaidiana, na mwiko mmoja mkubwa: usishirikiane na dola kwa lolote. Baadhi yao walipokubali kwenda vitani dhidi ya Hitler, wenzao waliwaita wasaliti, na vita ilipoisha wakachinjana humo humo magerezani.

Mwaka 1991 Umoja wa Kisovieti ukavunjika. Mali za umma zikauzwa kwa bei ya kutupa, polisi na watu wa usalama wakabaki na mishahara isiyonunua kitu, na ule mwiko ukafa. Ukifungua duka Moscow ulihitaji krysha. Hilo ni neno la kawaida kabisa la Kirusi, maana yake paa. Unamlipa mtu akuezekee paa usinyeshewe. Mwanzoni aliyeezeka alikuwa jambazi. Baadaye alikuwa polisi, au ofisa usalama, na mwenye duka hakuona tofauti, alilipa tu. Sisi huku tunasema "yule ana mtu juu." Ni kitu kile kile.

Wengine walisafiri. Vyacheslav Ivankov, waliyemwita Yaponchik, aliingia Marekani mwaka 1992, na mwaka 1995 FBI wakamkamata New York kwa kuchukua hela za watu kwa vitisho. Mwaka 2009 mdunguaji alimpiga risasi Moscow, akafa miezi michache baadaye. Watu wa sinema wanawapenda sana wahalifu wa aina hii. Mimi hawanishughulishi kihivyo. Wa kuogopwa ni yule mwenye faili la karatasi kwapani.

Kama Viktor Bout. Amezaliwa Dushanbe mwaka 1967, akawa mkalimani wa jeshi la Kisovieti. Dola lilipoanguka, yalibaki madege makubwa ya mizigo hayana kazi. Yeye akaona biashara. Kampuni zake ziliandikishwa huku na huko, Liberia, Equatorial Guinea, na makao yakawa Sharjah, pale Uarabuni. Ripoti za wataalamu wa Umoja wa Mataifa zilimtaja katika silaha zilizokwenda Angola, Sierra Leone na Liberia, na ndege zake zikatajwa pia Kongo, nchi ambayo wakimbizi wake tunaishi nao. Yeye alikana daima. Anasema ni msafirishaji tu. Na kweli ndege zake zilibeba hata maua. Hapo ndipo ujanja ulipo, jamani: ndege iliyoandikishwa, yenye leseni, inayolipa kodi ya kutua, leo inabeba maua.

Wamarekani walimtegea Bangkok Machi 2008, wakijifanya waasi wa Colombia wanaotaka silaha. Mwaka 2012 akafungwa miaka 25 huko New York. Desemba 2022 akabadilishwa na mcheza kikapu Brittney Griner, akarudi kwao, na mwaka 2023 akachaguliwa kwenye bunge la mkoa wa Ulyanovsk. Leo tunaweza kumwita mheshimiwa.

Naona mnacheka. Haya, tusogee ziwani kwetu.

Wazee wa Musoma wanaikumbuka enzi ya sangara, viwanda vinasindika minofu na madege aina ya Ilyushin yanatua Mwanza kuibeba. Tarehe 23 Machi 2005 moja la Il-76, lililoandikishwa Moldova, lilianguka ziwani muda mfupi baada ya kupaa Mwanza, likiwa limesheheni samaki. Watu 8 walikufa. Mwaka mmoja kabla ilitoka filamu ya Darwin's Nightmare, iliyouliza madege hayo yanakuja na nini kabla ya kupakia samaki. Mwaka 2006 Rais Kikwete aliikemea hadharani. Filamu ile haikuonyesha bunduki hata moja ikishushwa, na watu wa Mwanza waliochukizwa na jinsi walivyoonyeshwa walikuwa na hoja. Lakini swali la nani alipanda ndani ya ndege kukagua lilikuwa halali, na hasira ya serikali haikulijibu. Huku Mara SMG tunazijua, kwenye wizi wa ng'ombe Tarime na Rorya zimelia sana. Hakuna mhunzi wa Kikurya anayetengeneza SMG. Ziliingia kwa njia, na njia ina walinzi.

Nairobi ndiyo ilituonyesha paa lenyewe waziwazi. Mwaka 2006 walikuwepo jamaa wawili wa Armenia, watu waliwaita ndugu wa Artur. Machi mwaka huo watu waliofunika nyuso walivamia gazeti la The Standard na televisheni ya KTN usiku, magazeti yakachomwa, na serikali ikakiri ni askari wake. Raila Odinga akawataja Waarmenia hao kuwa ni mamluki. Juni wakawatolea bastola maofisa wa uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta waliotaka kukagua mizigo. Unajua walifanywa nini? Walipandishwa ndege wakarudishwa, hawakufikishwa mahakamani. Na vitambulisho vya vyeo vya juu vya polisi wa Kenya walikuwa navyo.

Halafu ndugu wa Akasha wa Mombasa. Walikamatwa Novemba 2014 kwa heroini, kesi ikazungushwa mahakamani Kenya mpaka Januari 2017 walipopelekwa Marekani. Kule walikiri, na walichokiri ni pamoja na kuwahonga majaji, waendesha mashtaka na polisi ili wasipelekwe. Baktash alipata miaka 25, Ibrahim 23.

Sasa turudi nyumbani, na hapa naomba simu tuziweke chini kidogo.

Mwalimu amelala hapo, hatua chache kutoka tulipokaa. Machi 1983, yeye akiwa Rais na Sokoine Waziri Mkuu, ilianza vita ya wahujumu uchumi. Bibi yangu hadi leo akihadithia anashusha sauti: kanga na sabuni zilifukiwa shambani, maana huku mpakani nani hakuwa na kitu cha magendo? Sheria ya mwaka ule iliunda baraza maalumu. Mawakili walikatazwa, dhamana hakuna. Mwaka 1984 ikaja Sheria Na. 13, Sheria ya Uhujumu Uchumi na Makosa ya Kupangwa, ikarudisha mawakili na kuipa Mahakama Kuu kazi hiyo. Ndiyo tunayoitumia mpaka leo, na humo ndimo lilimo lile kosa la kuongoza genge.

Ililengwa kwa watu wenye paa. Mara nyingine inawapata. Februari 2019 Mahakama ya Kisutu ilimtia hatiani Yang Feng Lan, yule Mchina waliyemwita Malkia wa Pembe za Ndovu. Alikuwa mfanyabiashara mwenye mgahawa Dar na cheo kwenye baraza la biashara la Wachina. Pamoja na Watanzania wawili alihukumiwa miaka 15 kwa kuongoza genge, kwa zaidi ya meno 700 ya tembo. Hukumu ile naiheshimu.

Lakini nendeni mkasome hukumu za Mahakama ya Rufani zinazotolewa ikikaa Musoma. Mimi nimezisoma nyingi, ndiyo raha yangu ya likizo, mtanisamehe. Kesi baada ya kesi ni kijana wa kijiji cha Bunda au Serengeti, kakutwa hifadhini na panga, waya wa kutegea na mguu wa nyumbu. Hati ya mashtaka inaandika nyumbu mmoja dola 650. Kosa: kupatikana na nyara za serikali, ambalo ni uhujumu uchumi. Adhabu: miaka 20.

Rudieni hesabu hiyo wenyewe. Mguu wa nyumbu 20, meno 700 ya tembo 15.

Sisemi watu wavamie Serengeti, mbuga ni urithi wetu. Nauliza genge la huyu kijana liko wapi, na mfuko wao wa pamoja, na paa lao kaezeka nani. Hata wakili wengi wao hawana mpaka wafike rufani, na wakifika huko baadhi wanaachiwa kwa sababu nyama iliteketezwa kwa amri ya hakimu bila mshtakiwa kuitwa aione. Wakati huo mtu ameshakaa jela miaka mingi.

Na kosa lile lile la Yang alisomewa mwandishi wa habari, Erick Kabendera, Agosti 2019: kuongoza genge, kukwepa kodi, kutakatisha fedha. Utakatishaji hauna dhamana. Alikaa mahabusu karibu miezi 7. Mama yake akafariki, na mahakama ikamkatalia kwenda kumuaga. Februari 2020 alikubaliana na waendesha mashtaka, akakiri kodi na utakatishaji, na shtaka la genge likaondolewa. Genge liliyeyuka siku hiyo hiyo. Mbowe, wakati huo akiwa Mwenyekiti, naye alikamatwa Mwanza Julai 2021, wakati wa maandalizi ya kongamano la Katiba, akashtakiwa ugaidi mbele ya divisheni ya Mahakama Kuu inayoshughulikia rushwa na uhujumu uchumi, na Machi 2022 DPP akasema hana nia ya kuendelea. Zaidi ya miezi 7 imekwenda.

Ukikaa ndani bila dhamana miezi yote hiyo, ukaambiwa kiri ulipe utoke, utafanyaje? Mei 2020 Mahakama Kuu ilisema kifungu cha kunyima dhamana, cha 148(5), kinavunja Katiba. Agosti mwaka huo huo Mahakama ya Rufani ikatengua. Kwa hiyo mlango uliobaki ni Bunge, na ndiyo maana nataka suala hili liingie kwenye madai yetu ya Katiba na sheria, kwa namba ya kifungu, siyo kwa kaulimbiu tu. Dhamana aamue hakimu. Na adhabu ya nyara ipimwe kwa ukubwa wa mtandao, mwenye waya mmoja asilinganishwe na mwenye kontena.

Kitu cha mwisho ni cha kazi. Kesi ya uhujumu haiwezi kusikilizwa mahakama ya wilaya bila ridhaa na hati ya DPP. Ndugu yako akishtakiwa, omba kuziona karatasi hizo mbili na piga picha hati ya mashtaka. Mahakama ni ya wazi, nendeni mkakae Bunda, Mugumu, Musoma, msikilize, mwandike tarehe. Nipo Butiama mpaka likizo iishe, mwenye nakala ya hukumu ya mtu wake aje nayo, tutaisoma pamoja pale kibarazani.

Haya, maswali. Tuanze na mama pale nyuma.